Ukope Mmoja Juu ya Kioo

Mteja wa kwanza kuikataa nyama yangu alikuwa mzee mmoja mstaafu aliyekuwa anakuja kila Jumamosi kwenye jiko la nyama choma pale Kwa Mrombo kula mbavu za mbuzi. Alikuwa anakaa meza ya pembeni na kuweka kofia yake juu ya kiti cha pili, kama vile anamwekea mtu nafasi. Siku hiyo alinitazama nikiikata nyama juu ya gogo, akanitazama tena, halafu akamwita mama mwenye jiko na kumnong'oneza kitu. Mama akaja, akachukua sinia mkononi mwangu, akalipeleka mwenyewe. Mzee alikula vizuri tu, lakini alikula kwa sababu sinia lilifika mezani likiwa mikononi mwa mama.

Wakati huo macho yangu yalikuwa yananisumbua kwa miezi kadhaa. Nilikuwa naamka asubuhi kope zimeshikana, na kwenye mizizi yake kuna vitu vikavu kama pumba za mahindi. Kingo za macho zilikuwa nyekundu na zinawasha, na nikijikuna zinawasha zaidi. Mara nikatokwa na chokea, kile kijipu cha kwenye kope, jicho la kulia, likapona, likatoka la kushoto. Mwenzangu wa jikoni, Mwarusha wa upande wa magharibi wa Mlima Meru, alisema chokea humtoka mtu anayechungulia wanaooga, na akawashauri wadada wa kuosha vyombo wawe wanafunga bafu kwa komeo. Walicheka, lakini tangu siku hiyo nilisikia komeo likigonga.

Mimi si mtu wa kukaa mahali. Shule niliiacha darasa la sita, kwa sababu barabara ilipita karibu sana na dirisha la darasa na kila lori lilikuwa linaelekea mahali nisipopajua. Nimefunga maua kwenye mashamba ya Usa River, nimebeba mizigo ya wageni wanaopanda Meru, nimeshika pembe za ng'ombe mnadani huku daktari wa mifugo akiwachoma sindano. Popote nilipofanya kazi niliuliza maswali mpaka yakaisha, na yalipoisha niliondoka. Pale jikoni hayakuwa yameisha. Nilitaka kujua kwa nini mbuzi mmoja analainika na mwingine anakuwa kama kamba wakati wametoka boma moja, na kwa nini mkaa wa mti fulani unafanya nyama iwe na uchungu. Mama alikuwa ameniahidi kwamba akifungua sehemu yake ya pili, Usa River, jiko la Kwa Mrombo nitalisimamia mimi. Maishani mwangu hakuna mtu aliyewahi kuniachia kitu nikisimamie, hata kuku. Ndiyo maana yule mzee wa mbavu alinitisha kuliko macho yenyewe.

Mama alikuwa mtu wa Machame, Mlutheri wa kwaya, mwanamke wa kuvaa kitenge kilichopigwa pasi hata akiwa anapuliza moto, na wanja wake ulinyooka kama umepigwa kwa rula. Jioni ya siku ileile aliniita nyuma ya stoo ya mkaa. Kabla ya kusema chochote alishika ukosi wa koti langu akaunusa.

"Unavuta bangi?"

"Sivuti, mama."

"Sasa macho hayo ni ya nini?"

Nikamwambia ni moshi. Akasogea karibu mpaka nikaona vumbi la mkaa kwenye nyusi zake.

"Moshi huu mimi niko nao kabla hujazaliwa. Hebu niangalie. Unaona nini?"

Nilimwangalia. Niliona wanja tu.

Akaniambia wateja wananiangalia mimi kabla ya kuangalia nyama. Akasema ananivumilia mpaka siku atakapofungua Usa River. Nikiwa bado hivi, jiko atampa mwenzangu. Hakusema kwa hasira. Alisema kama mtu anayetaja siku ya mnada.

Usiniulize nilifikiria nini nikiwa njiani kurudi, maana utacheka. Mimi na mwenzangu tulikuwa tumepanga chumba kimoja Kaloleni. Tulikuwa na taulo moja na beseni moja, na yeye ndiye aliyekuwa akitengeneza pilipili za jikoni. Nikajiambia, mtu anayepika pilipili, analala hatua chache kutoka kwenye mto wangu, na nikiumwa jiko linakuwa lake, ni mtu wa kuangaliwa. Nikaanza kunusa taulo. Nikawa nalikunja kwa namna yangu, pembe moja ndani, ili nijue kama limeguswa. Liliguswa, bila shaka. Lilikuwa taulo letu wote. Nikanunua la kwangu na kulificha chini ya godoro. Aliliona akifagia, akalitandika juu ya kitanda changu vizuri kabisa, na hakusema kitu. Kule kunyamaza kwake nikakuhesabu kuwa ushahidi.

Nilikwenda duka la dawa. Muuzaji hakuniangalia jicho, aliangalia rafu, akanipa kichupa cha dawa ya matone. Nakiri ilikuwa dawa ya ajabu. Wekundu uliondoka haraka kama mtu amepitisha kitambaa, na mama akaniona akatikisa kichwa kwa kuridhika. Nilipoacha, wekundu ulirudi na ndugu zake. Nikarudi dukani, nikapona tena, nikaugua tena. Kilichonishtua si ugonjwa kurudi. Ni kwamba yule muuzaji alikuwa akiniona tu nikiingia mkono wake unakwenda kwenye kile kichupa kabla sijafungua mdomo. Nimewahi kuona watu wanaouziwa gongo kwa namna hiyo.

Mwenzangu ndiye aliyesema twende kwao, juu ya Ngaramtoni, mama yake anajua macho. Nilikubali kwa mashaka. Njia nzima nilikuwa najiuliza, mtu atakayefaidika nikiumwa anatafuta nini kwenye kupona kwangu?

Mama yake alikuwa ameketi mlangoni anapepeta maharage. Nikampa shikamoo, naye akaniitikia marahaba kisha akanivuta kidevu kuelekea kwenye mwanga. Alikunja ngozi ya juu ya jicho langu kwa ncha ya kidole, upesi, kama anayefunua ganda la haragwe, akamwambia mwanawe kitu kwa Kimaasai.

"Yeyo anasema ni vikope," mwenzangu akatafsiri; yeyo kwao ni mama.

Vikope ni ule ugonjwa wa trakoma, na kule kwao kila nyumba inaujua. Huyo mama yake ulikuwa umempindua kope mpaka zikawa zinakwaruza jicho kutoka ndani, na akafanyiwa upasuaji ukubwani. Kabla ya upasuaji aliishi miaka mingi kwa kung'oa kope zilizoingia ndani, kwa kibano kidogo cha chuma alichokuwa anakivaa shingoni pamoja na shanga. Basi akakivua akaning'oa na mimi. Sikukataa. Kwanza, huwezi kumkatalia mama wa mtu mlangoni kwake. Pili, nilitaka kuona inakuwaje. Iliuma kama kuchomwa na siafu, halafu ikaja nafuu. Nafuu ilikaa kwa muda, na kope zilipoanza kuota muwasho ukaota nazo.

Siku ya Usa River ilikuwa inakaribia. Mama alikuwa ameshapeleka viti na wavu mpya wa kuchomea. Asubuhi moja alikuja jikoni amevaa viatu vya kanisani, akaniambia nioge, tunakwenda mjini kwenye kliniki ya macho. Nikamwambia naweza kwenda peke yangu.

"Utakwenda peke yako, utarudi na maneno yako. Nataka nisikie mwenyewe."

Kwa hiyo aliingia na mimi mpaka ndani, akakaa kwenye kiti cha ukutani, mkoba mapajani, kama mzazi aliyeitwa shuleni.

Daktari alikuwa mwanamke wa makamo mwenye sauti ndogo. Aliniweka kidevu kwenye mashine yenye taa, akaniambia nitazame chini. Hilo lilinishangaza, maana nilidhani mtu wa macho huangaliwa akitazama mbele. Alipitisha taa kwenye kope, jicho moja baada ya jingine. Kisha akauliza nani aliyening'oa kope. Nikamweleza. Hakucheka wala hakumdharau mama wa watu. Alisema kwenye trakoma kope huingia ndani, na zangu zinatazama nje kama inavyotakiwa, isipokuwa kila moja imevaa kitu kwenye mzizi wake, kama mguu uliovaa soksi. Nikamtajia na kichupa cha duka la dawa, akataka kukiona, nikakitoa mfukoni. Alikisoma, uso ukabadilika. Akasema dawa ile hutuliza wekundu tu bila kugusa chanzo, na mtu akiitumia ovyo kwa muda mrefu inaweza kupandisha presha ya jicho na kumharibia uoni. Akanipima presha ya macho hapohapo. Ilikuwa salama. Akakiweka kichupa kwenye droo yake na hakunirudishia.

Kisha akachukua kibano.

Nilirudisha kichwa nyuma. Nikamwuliza kama na hospitali nayo inang'oa, basi tofauti yake na kule Ngaramtoni ni nini. Akasema kule niling'olewa ili nipone, yeye anang'oa ili aone. Akavuta ukope mmoja wenye ile soksi, akaulaza juu ya kioo chembamba, akadondoshea tone la mafuta, akauweka chini ya hadubini. Aliangalia, akarekebisha, akaniita.

Mwanzoni niliona mti uliolala, mweusi, mnene. Huo ndio ulikuwa ukope wangu. Halafu pembeni ya mzizi nikaona vidudu, virefu, vyeupe kama kioo, mkia mrefu na vijiguu vifupi vyote vimejikusanya karibu na kichwa. Kimoja kilikuwa kinasogeza miguu polepole, kama mtu anayetafuta viatu gizani. Daktari akasema hao ni utitiri wa kope. Wanaishi kwenye mashimo ya kope zetu, hawapendi mwanga, na wakizidi wanaziba mashimo na kuvimbisha kingo za macho.

Sasa, mimi nimezunguka. Kaloleni, karibu na uwanja wa mpira, nimemwona mtu mwenye kompyuta na kijiti cha chuma. Unakishika, anakusomea magonjwa yako yote, na nilisimama pale mpaka nikagundua kila mtu anasomewa magonjwa yaleyale. Nimemwona mwingine anayetoa wadudu kwenye meno kwa pamba, na pamba ilikuwa na wadudu kabla haijaingia mdomoni. Kwa hiyo nilichosema kilitoka chenyewe.

"Daktari, kioo hicho kilikuwa na hao wadudu tangu mwanzo."

Nilisikia mkoba wa mama ukianguka. Daktari hakukasirika. Alifungua pakiti mpya ya vioo, akadondosha mafuta, akaniambia niangalie. Hakukuwa na kitu, mafuta matupu. Akanivuta ukope mwingine, kioo kilekile, mbele ya macho yangu. Wakawepo tena. Mtu mwingine angeridhika. Mimi nikasema labda ni mafuta yanayowaleta wakikutana na nywele. Nikasema ang'oe na ukope wa mtu mwenye macho mazima, tuone.

Chumbani mlikuwa na mtu mmoja wa namna hiyo, na sote tukamgeukia.

"Mimi sikuja hapa kuumwa," mama akasema.

Daktari akamwambia halazimishwi. Mama akaokota mkoba, akauweka kwenye kiti. Nadhani alifanya kwa ajili ya kunifunga mdomo.

"Ng'oa. Aone mtu safi anavyokuwa."

Daktari alifuta wanja kwa pamba, akavuta mmoja. Safari hii aliangalia kwa muda mrefu zaidi. Kisha akasogeza kiti pembeni na kumkaribisha mama mwenyewe atangulie. Mama akainama. Mgongo wake ukatulia kabisa, na mimi nikajua.

"Huyu ni wa kwangu?"

"Ni wako, mama. Ni mmoja tu."

Niliangalia na mimi. Alikuwa peke yake, mnene kidogo kuliko wangu, anatembea bila haraka.

Daktari akaeleza taratibu, akimtazama mama zaidi kuliko mimi, kwamba watu wazima wengi wanao na hawajui, na umri ukienda wanaongezeka. Mwenye mmoja wawili asiye na uvimbe wala muwasho hana ugonjwa wala hahitaji dawa. Kwangu walikuwa wamejaa. Alisema si bangi, na moshi unachokoza tu. Si uchafu pia, ingawa taulo na mto wa kushirikiana vinaweza kuwahamisha. Mama alikuwa anaitikia kila sentensi kwa kichwa, lakini mkono wake ulikuwa umeshika kope kama mtu aliyeshika mfuko sokoni.

Nilipewa kazi ya kufanya kila siku: kitambaa cha maji ya uvuguvugu juu ya macho mpaka mafuta ya kope yalainike, kisha kusugua mizizi ya kope kwa povu la dawa maalumu ya kusafishia, jicho likiwa limefumbwa. Foronya zichemshwe na kuanikwa juani. Halafu akaandika vidonge, akataja jina la dawa, na mimi nikasimama.

"Hiyo ni dawa ya ng'ombe."

Jina lile nililijua. Kule mnadani nilikuwa nabeba boksi lake, na nimeona ng'ombe mwenye ukurutu akichomwa na baada ya muda ngozi inarudi. Nilimwambia mama kwamba tumekuja kwa daktari wa mifugo. Mama hakucheka, maana na yeye kwao wanafuga. Daktari akasema ni kweli, dawa ni ya jamaa moja, lakini ya binadamu hutengenezwa kwa vidonge na hupimwa kwa uzito wa mtu. Akanipandisha kwenye mizani. Akaniambia ya ng'ombe nisiiguse kabisa, ina nguvu nyingine na vitu vingine ndani yake. Nilisoma karatasi ya ndani ya pakiti yote, mbele na nyuma, kabla ya kumeza.

Nilipomsimulia mwenzangu, akafurahi kusikia jina la dawa. Akasema nyumbani wanayo chupa nzima ya mifugo, kwa nini nihangaike na vidonge, ataniletea kidogo kwenye chupa ya soda. Alisema kwa moyo safi, lakini mimi nilimwangalia yeye, nikaangalia mto wake, nikakumbuka jiko. Nikamwambia wazi kwamba sasa nimeelewa anachotaka.

Alikuwa anavua viatu. Akaacha kimoja mguuni.

"Ndugu yangu, ningelitaka jiko ningekuacha tu uoze macho. Nani alikupeleka kwa yeyo?"

Alimalizia kuvua kiatu, akalala akinigeuzia mgongo. Asubuhi nilichemsha foronya yangu na yake katika sufuria moja, nikazianika pamoja, na hiyo ndiyo ilikuwa namna yangu ya kusema. Naye akaja siku nyingine na taulo lake jipya, jekundu, akalitundika msumari wa mbali kabisa na langu. Alisema kwa sauti kwamba anawaogopa ng'ombe wangu wa kwenye kope.

Kupona kulikuwa kwa polepole, tofauti na kile kichupa, na ule upolepole ndio ulionifanya niamini. Wiki za kwanza macho yaliwasha zaidi. Baadaye soksi zikaanza kupungua, kisha nikaamka asubuhi moja kope hazijashikana, nikakaa kitandani nikizifumba na kuzifumbua. Daktari aliniita tena, akaning'oa mmoja, safari hii kwa ruhusa yangu. Alikuta wachache, akasema niendelee kusafisha.

Mama hakusema chochote kuhusu siku ile. Lakini alianza kuja kazini bila wanja. Asubuhi, kabla moto haujashika, alikuwa anaingia stoo na chupa ya chai, nasi tulijua haina chai, maana alikuwa anatoka na kitambaa chenye maji na uso umelowa. Wateja walipoulizia macho yangu aliwaambia yalikuwa mafua ya macho, yameisha. Neno utitiri lilikatazwa jikoni bila mtu kulikataza. Wakati mwingine nilimkuta ananitazama, na sikujua kama anakagua macho yangu au anapima kama nitakuja kumsema.

Jumamosi ya mwisho kabla ya Usa River, yule mzee alikuja, kofia kwenye kiti cha pili. Mama akanionyesha sinia kwa kidevu.

"Peleka mwenyewe."

Nikapeleka. Nikampa shikamoo, nikainama kuweka sinia mezani. Alinikagua uso kwa makini, jicho moja kisha la pili, hana haya, akaridhika, akavuta ubavu wa kwanza. Nami nilikuwa nimeinama karibu yake, mwanga wa jua unampiga upande. Akasugua jicho kwa nyuma ya kiganja, kwa nguvu, namna ninayoijua mimi. Akatazama chini kwenye nyama.

Kila ukope wake ulikuwa umevaa soksi.

Nikarudi jikoni nikamkuta mama amesimama palepale, ameona mzee anavyojisugua jicho. Nikafungua mdomo.

"Acha ale kwanza," akasema, na kunipa funguo za stoo ya mkaa, zile ambazo hukaa na msimamizi wa jiko.

Nikazitia mfukoni. Nikachukua kisu nikaanza kukinoa, nikimtazama mzee anavyotafuna na kujikuna, na kutafuta sentensi ya kumwanzia.